Deni la Bucha na Meza Isiyo na Nyama



Wasomaji wetu wapenzi, wiki mbili zilizopita tuliwaomba radhi kwamba safu hii ingenyamaza kidogo kwa kuwa tulikuwa na safari ya Nairobi. Tumerudi salama, alhamdulillah, na hatukurudi mikono mitupu. Tumeleta mapishi ya nchi ya mbali, tuliyofundishwa kwenye jiko la makaa la Pumwani. Pamoja nayo tumeleta jambo lililotushughulisha nyoyo tangu tulipoketi katika garimoshi la kurudi Miritini, nalo ni hili: je, sisi tunaowatembelea jamaa zetu huwa tunajua gharama ya sahani tunayowekewa mbele yetu?

Tulikuwa wanawake wanne. Watatu ni sisi ndugu tunaoandika safu hii. Wa nne ni binti wa dada yetu mkubwa, mwanafunzi katika jimbo la Texas huko Marekani, aliyekuja nyumbani likizo. Tulikwenda kumpa hongera binti wa kaka yetu, aliyejifungua mtoto wa kiume. Kaka yetu na wifi yetu wamekaa Majengo ya Pumwani kwa zaidi ya miaka 20, katika nyumba ya vyumba vinavyotazamana, yenye ukumbi katikati na ua nyuma. Ni nyumba ambayo mtu wa Kisauni au Likoni akiingia hahitaji kuonyeshwa choo kiliko.

Wengi wetu wa Pwani tukisikia Eastlands hufikiria vumbi la Jogoo Road na kelele za matatu, tukasahau kwamba upande huo wa Nairobi una historia ndefu ya Uislamu na Uswahili. Pumwani ilipimwa mwanzoni mwa miaka ya 1920, ikawa mtaa wa kwanza uliopangwa na serikali ya kikoloni kwa ajili ya Waafrika mjini humo. Kijiji cha Pangani, kilichokuwa na Waislamu wengi, kilipobomolewa mwishoni mwa miaka ya 1930, wakazi wake walihamishiwa Shauri Moyo. Kariokor ilipata jina lake kutokana na Carrier Corps, kikosi cha wapagazi wa Vita Vikuu vya Kwanza, kama ilivyopata Kariakoo ya Dar es Salaam. Na ukivuka upande wa pili unaingia Eastleigh, ambayo wenyewe huiita Islii. Alfajiri tukiwa kwa wifi, adhana zilitufikia kutoka kila upande, nasi tukajiona tuko kwetu.

Tulipokewa kwa vigelegele. Jioni ile tuliandaliwa pilau ya nyama; asubuhi yake, mahamri na maini; mchana, wali wa nazi na mchuzi wa nyama. Tulikula, tukashukuru, tukausifu mkono wa wifi. Siku ya pili alasiri, wifi akiwa ametoka kwenda dukani, kijana mmoja alibisha hodi akiwa na daftari. Alitusalimu kwa adabu, kisha akauliza, kwa niaba ya mwenye bucha, kama leo pia apime nyama kwa hesabu ile ile au zitangulie kulipwa za nyuma. Alidhani sisi ni wa nyumbani. Daftari lilikuwa wazi mikononi mwake, nasi tuliiona jumla: shilingi elfu nne na mia mbili. Tukamwambia mwenyewe atarudi baadaye, akaenda zake.

Tuliketi kimya kwa muda. Kaka yetu hana kazi ya kudumu tangu Ramadhani, na tulilijua hilo kabla hatujapanda garimoshi. Tulikuwa tumekuja na mkoba uliojaa nguo za mtoto, lakini vilevile tulikuwa tumekuja na vinywa vinne, na vinywa vile havikuwa vimeuliza swali lolote.

Tulikumbuka kisa kilichopokewa kuhusu Salman al-Farisi, radhi za Allah ziwe juu yake. Alitembelewa na wageni wawili, akawawekea mkate na chumvi, akawaeleza kwamba lau Mtume, rehema na amani zimshukie, asingekataza watu kujikalifisha kwa ajili ya mgeni, basi angejikalifisha kwa ajili yao. Mgeni mmoja akatamani chumvi ile ingekuwa na majani ya zaatari ya kuitia ladha. Salman akalitoa birika lake la kutawadhia likawekwe rehani, zaatari ikaletwa. Walipomaliza kula, mgeni akamshukuru Mola aliyewakinaisha kwa alichowaruzuku. Salman akamjibu kwamba lau angekuwa amekinai, birika lisingekuwa rehani.

Tulikisikia kisa hicho mara nyingi katika darsa, na kila mara tulijiweka upande wa Salman. Siku ile, huko Pumwani, tulijiona tumeketi upande wa yule mgeni.

Sasa tufanye nini? Kumwambia wifi kwamba tumeliona daftari ni kumvunjia heshima ndani ya nyumba yake. Kukataa nyama yake bila sababu nako ni kumtukana. Aliyetuokoa ni yule binti wa Texas. Wifi aliporudi, akamwendea jikoni na kumwambia, "Mkaza mjomba, nimekaa Marekani miaka mitatu nikifundishwa kupika na majirani wa Mexico, na sijapata kuwapikia watu wangu hata siku moja. Naomba uniachie jiko usiku wa leo na mchana wa kesho. Sihitaji kitu ila mahindi, maharagwe na mboga." Wifi alicheka, akasema mgeni siku ya tatu mpe jembe, akamkabidhi mwiko.

Tueleze kwanza jinsi binti huyu alivyojifunza, kwa sababu wengi wenu mna watoto ughaibuni nao hukutana na yaliyomkuta. Katika mji anaosoma, nyama ya halali hupatikana, lakini ni mbali kwa mwanafunzi asiye na gari. Wiki za mwanzo aliishi kwa mkate na mayai. Jirani yake, mama wa makamo kutoka Mexico, alipomwona amekonda alimletea bakuli la maharagwe yaliyopondwa, mazito, yanayonukia. Kwa adabu akauliza yamepikwa kwa nini. Jibu likawa: kwa mafuta ya nguruwe.

Jambo hili wasafiri walijue. Katika upishi wa Mexico, maharagwe ya kupondwa na kukaangwa, mikate myembamba ya ngano, na tamali, yaani unga wa mahindi uliofungwa kwa maganda ya bunzi na kupikwa kwa mvuke, kwa desturi hutiwa mafuta ya nguruwe. Mtu huweza kuona sahani haina hata kipande cha nyama, akadhani yuko salama. Neno la kuulizia ni manteca; kwa watu wa huko kwa kawaida ndiyo mafuta hayo. Mikate ya mahindi, ambayo huitwa tortila, ndiyo iliyo salama zaidi, kwa kuwa asili yake ni mahindi, maji na chokaa tu.

Yule mama hakuudhika kwa kuulizwa. Juma lililofuata alimwita jikoni kwake, akapika sufuria nyingine kwa mafuta ya mahindi mbele ya macho yake, akamweleza kwamba huko si kuharibu chakula cha wazee. Nguruwe na ng'ombe waliletwa Mexico na Wahispania, walioivamia nchi hiyo kuanzia mwaka 1519. Kabla ya hapo watu wa huko waliyajua mahindi, maharagwe na maboga kwa maelfu ya miaka, wala hapakuwa na mafuta ya nguruwe ya kuyakaangia. Kwa hiyo anayeyapika kwa mafuta ya mimea anaukaribia zaidi upishi wa kale. Mwaka 2010 shirika la UNESCO liliuingiza upishi wa jadi wa Mexico katika orodha ya urithi wa binadamu, na msingi wa upishi huo ni hiyo mimea mitatu, inayolimwa pamoja katika shamba moja: bua la mahindi hubeba mharagwe unaotambaa, na majani ya mboga hufunika ardhi isikauke.

Hayo yote aliyasimulia tukiwa njiani kwenda kununua vitu, na mlango wa pili tu kutoka kwa wifi tukapata shahidi. Hapo huketi mama wa Kikamba anayeuza githeri na muthokoi. Githeri wasomaji wetu wanaijua kwa jina letu la pure, na jamaa zetu wa Tanzania huiita makande: mahindi na maharagwe yaliyochemshwa pamoja. Muthokoi ni mahindi yaliyotwangwa kwenye kinu yakiwa na unyevu hadi ganda gumu la nje likatoka, kisha yakapikwa na maharagwe au mbaazi. Binti yetu alipoyaona mahindi yale meupe yasiyo na ganda alipiga kelele ya furaha, kwa sababu huko Mexico nao huliondoa ganda la mahindi, ila kwa njia nyingine.

Njia yao ni chokaa. Mahindi makavu huchemshwa kwa maji yaliyotiwa chokaa kidogo, yakalazwa usiku kucha, asubuhi yakaoshwa na kusuguliwa hadi maganda yakatoka, kisha yakasagwa yakiwa mabichi kuwa kinyunga. Mmoja wetu akakumbuka kijaluba cha marehemu bibi yetu, chenye tambuu, popoo na chokaa, tukashangaa kwamba kitu tulichokijua kwa kutafunia, wengine wamekijua kwa kupikia.

Lakini kuna siri katika chokaa ile iliyo kubwa kuliko ulaini wa mahindi. Ndani ya mahindi mna niasini, mojawapo ya vitamini za kundi B, lakini imefungika kiasi kwamba tumbo la binadamu haliipati vizuri. Chokaa huifungua. Wazungu walipoyachukua mahindi kutoka Amerika waliichukua mbegu wakaiacha chokaa. Maskini wa kaskazini mwa Italia, na baadaye wa kusini mwa Marekani mwanzoni mwa karne ya 20, waliokula mahindi karibu peke yake, walipatwa na ugonjwa uitwao pelagra: ngozi kubabuka, tumbo kuharisha, akili kuchanganyika, na mwisho kifo. Sababu ilikuwa umaskini wa chakula chao.

Na huku kwetu je? Wanahistoria wengi husema mahindi yaliletwa Afrika Mashariki na Wareno, wale wale walioanza kuijenga Ngome ya Yesu mwaka 1593. Sisi nasi hatukuletewa chokaa. Lakini wazee wa bara na wa Pwani hawakuyala mahindi peke yake; waliyachanganya na maharagwe, kunde au mbaazi. Mchanganyiko huo una hekima. Protini ya mahindi ina upungufu ambao maharagwe huujaza, na ya maharagwe ina upungufu ambao mahindi huujaza. Yule mama wa Kikamba hakusoma hayo darasani, lakini mkebe wake wa gorogoro unayapima kila siku: mahindi mkebe huu, maharagwe mkebe ule.

Tulinunua gorogoro moja ya maharagwe, unga wa mahindi, boga dogo, mahindi mabichi sita, nyanya, vitunguu, kotmiri, ambayo huko Nairobi huitwa dania, pilipili mbichi, ndimu na maparachichi matatu. Fedha zote tulizotoa hazikufikia bei ya kilo moja ya nyama tuliyoila jana yake, na maharagwe yalibaki ya siku nyingine mbili.

Sasa tuseme ukweli wa jikoni. Mikate ya kwanza iliharibika yote. Binti yetu aliukanda unga wa ugali kwa maji baridi, akautandaza kama alivyoona Texas, na kila mkate ulipoguswa na chuma ulipasuka vipande vipande. Unga wetu wa dukani haukupitia chokaa, kwa hiyo haushikani kama kinyunga cha Mexico. Tungeweza kuyachemsha mahindi wenyewe, lakini chokaa ya kupakia kuta si ya kuliwa, na mahindi mabichi hayasagwi katika mashine ya posho. Wifi, aliyekuwa ameketi kwenye kibao akitazama kwa subira, ndiye aliyepata dawa. "Uchome kwa maji ya moto kwanza," akasema, "kama tufanyavyo chapati laini, kisha uutie unga wa ngano uushike." Tangu hapo hatukujua tena nani mwalimu na nani mwanafunzi.

Haya ndiyo mapishi yenyewe, ya kutosha watu sita, kama tulivyoyarudia nyumbani mara mbili kabla ya kuyaandika.

Maharagwe. Chukua nusu kilo, roweka usiku kucha, umwage maji yale. Tia maji mapya, nusu kitunguu na punje tatu za thomu, uchemshe kwa moto mkali dakika kumi au zaidi, kisha upunguze moto hadi yawe laini kabisa. Maharagwe mekundu yasiyoiva vizuri huumiza tumbo, kwa hiyo usifanye haraka. Chumvi tia mwishoni. Katika sufuria nyingine kaanga kitunguu kimoja kwa vijiko vitatu vya mafuta ya mimea, tia thomu na kijiko kidogo cha bizari nyembamba, kisha mimina maharagwe na uyaponde kwa mwiko huku ukiongeza maji uliyochemshia, hadi yawe mazito kama mbaazi za asubuhi.

Mikate. Vikombe viwili vya unga laini wa mahindi vimiminie kikombe kimoja na nusu cha maji yanayochemka na chumvi kidogo, koroga, ufunike hadi upoe. Tia kikombe kimoja cha unga wa ngano, ukande. Ukinata, ongeza ngano kidogo. Uache dakika ishirini. Kata madonge kumi na mawili, sukuma kwa wembamba, choma kwenye chuma kikavu kilichopata moto sawasawa, kama dakika moja kila upande. Ifunge ndani ya kitambaa safi ili isikauke.

Salsa, yaani sosi ya kuchoma. Nyanya nne, kitunguu na pilipili moja au mbili zichome juu ya makaa hadi ngozi ziungue. Zitwange katika kinu kidogo pamoja na punje ya thomu na chumvi, utie ndimu na kotmiri. Kwa parachichi, liponde kwa uma, utie kitunguu kilichokatwa vidogo, kotmiri, chumvi na ndimu nyingi.

Boga. Kaanga kitunguu na nyanya, tia boga lililokatwa vipande na punje za mahindi mabichi, ufunike liive kwa maji yake lenyewe. Nasi tuna sababu ya ziada ya kulipenda boga, kwa kuwa imepokewa kutoka kwa Anas kwamba Mtume, rehema na amani zimshukie, alilipenda, akilitafuta pembezoni mwa sahani.

Mkate hupakwa maharagwe, ukawekwa boga, parachichi na salsa, ukakunjwa, ukaliwa kwa mkono. Mahindi matatu yaliyobaki tuliyachoma na kuyapaka ndimu, chumvi na pilipili, kama yanavyouzwa jioni kando ya Jogoo Road, na binti yetu akatuambia kwamba jijini Mexico nako huuzwa barabarani kwa ndimu na pilipili vivyo hivyo.

Usiku ule alikuja ami yetu kutoka Shauri Moyo kumtazama mtoto. Alitawadha mikono, akaitazama mikeka, akauliza kwa sauti ya mzee asiyeficha kitu kama nyama zimekwisha Nairobi. Wifi aliinamisha uso. Kaka yetu alijishughulisha na maji ya kunywa. Tukasema sisi ndio tulioomba jiko. Ami akala, akaongeza, akaomba mkate wa tatu. Lakini alipomaliza hakuiacha hoja yake. "Chakula ni kizuri, Allah awabariki," akasema, "lakini mgeni ni nyama. Nabii Ibrahim alipojiwa na wageni aliwaletea ndama wa kuchoma."

Ni hoja nzito, na hatukutaka kumjibu mzee kwa ubishi. Tulimjibu kwa upole kwamba Ibrahim, amani iwe juu yake, alimtoa ndama aliyekuwa naye kwa ahali zake, na Salman alitoa mkate na chumvi aliokuwa nao. Kila mmoja alitoa katika alichonacho, wala hatukusikia kwamba mmoja wao alilaumiwa. Ami alitutazama kidogo, kisha akamtazama kaka yetu, nasi tukaona kwamba ameelewa zaidi ya tulivyosema. Hakulitaja tena. Alipoondoka alimwambia wifi, "Ijumaa nitakuja kula haya haya."

Tusieleweke vibaya, wasomaji wetu. Hatuharamishi kilichohalalishwa, na safu hii imekwisha kuandika pilau na biriani mara nyingi na itaandika tena. Hata usiku ule, mzazi wetu hakulazimishwa maharagwe peke yake; aliwekewa supu yake ya kuku kando, kwa kuwa mwanamke aliyetoka kujifungua anahitaji kurudisha damu. Na anayekula mboga na nafaka siku nyingi ajue mambo matatu. Kwanza, madini ya chuma yaliyomo katika maharagwe huingia mwilini vizuri zaidi yakiliwa na ndimu, nyanya au tunda chachu, na chai ya rangi inayonywewa papo kwa papo huyazuia; basi chai isubiri saa moja. Pili, vitamini ya B12 haipatikani katika mimea. Mayai, maziwa au samaki viwepo ndani ya wiki. Tatu, mahindi yenye ukungu yasiliwe wala yasipewe kuku. Mwaka 2004 sumu kuvu katika mahindi iliua watu 125 katika sehemu za Ukambani na jirani zake, na kuchemsha hakuiondoi.

Siku ya kuondoka tulimkabidhi mzazi bahasha ya hongera ya mtoto. Ndani yake mlikuwa na kiasi kilichozidi kidogo kile tulichokiona daftarini. Hatukutaja bucha, wala wifi hakuuliza kwa nini hongera ni nzito. Kama alijua, alitusitiri kama tulivyotaka kumsitiri.

Garimoshi lilipokuwa likivuka Tsavo, tulikubaliana masharti yetu wenyewe, nasi tunawapa kama nasaha. Tukiwatembelea jamaa, tutapiga simu mapema na kusema wazi tunatamani kula nini, na tutakachokitaja kiwe cha bei ndogo: mbaazi, mchicha, pure, ugali na sukuma. Tutafika na kitu cha jikoni, si nguo za mtoto tu. Na siku ya pili tutaomba mwiko, kwa sababu mgeni anayepika huijua hali ya debe la unga bila kuuliza, naye mwenyeji hupata siku moja ya kupumzika mgongo.

Jambo moja limebaki bila kutengenezeka. Wifi alipotusindikiza hadi kituo cha matatu, alitushika mikono akasema, "Mkija tena, inshallah nitawachinjia kuku." Tulimwambia tutamleta wenyewe, kutoka Mombasa, kwenye kikapu. Alicheka, lakini macho yake yalisema kwamba hakukubali. Mapenzi ya mwenyeji hayazimwi kwa siku mbili za maharagwe, wala hatukutaka yazimwe. Tulichotaka ni kwamba birika lake lisiende tena rehani kwa ajili yetu.

Mwenye kupika mapishi haya atuandikie yamekwendaje, hasa kama amepata njia bora ya kuishikisha mikate. Wiki ijayo, panapo majaliwa, tutarudi kwenye maandalizi ya samaki wa kupaka.

Wabillahi tawfiq.